Jinsi Nilivyokula Kitabu cha Mzee Odero, Kutoka Kawangware Hadi Lindi

Tangu Jumamosi ile mmekuwa mkiniuliza maswali matatu: nilikuwa wapi kutwa nzima, kwa nini sikushika simu, na kwa nini jaketi langu la kahawia linanuka samaki mpaka leo. Nimechoka kumweleza mmoja mmoja huku nikikatizwa na kicheko. Nimeandika yote hapa. Someni, mcheke mara moja, kisha mniache na maisha yangu.

Kutoka duka langu la kompyuta pale Kawangware hadi mtaa wa Lindi, hapa hapa Nairobi, mtu mwenye miguu mizima hutembea saa moja na nusu. Mimi nilitumia saa nane na nusu. Kwa muda huo mtu angekuwa ameshuka Mombasa na ameagiza chai.

Kabla sijaanza, lazima mumjue Mzee Odero. Alikuwa mvuvi ziwani kwa miaka thelathini, kisha akaja Nairobi akawa askari wa lango, na amepanga chumba Lindi. Langoni hakuna kazi nyingi ya kufanya, kwa hiyo mzee aliandika. Alijaza daftari nne kwa kalamu ya bluu, akaweka nambari za kurasa kwa kalamu nyekundu, na juu ya daftari la kwanza akaandika kwa herufi kubwa: ZIWA KAMA NILIVYOLIONA. Aliandika kwa Kiswahili kwa sababu maaskari wenzake ni wa kila kabila na alitaka wote wamsome. Aliniletea nichape. Nakala nyingine hakuna, ni hizo tu.

Jumamosi jioni alikuwa aje kuchukua kitabu kilichochapwa. Jumapili alikuwa anarudi kwao moja kwa moja, akawasomee watu wa ufuo wake. Kila aliponiuliza nimefika wapi nilimwambia, "Mzee, niko mwishomwisho." Nilikuwa nimechapa daftari mbili.

Na hizo mbili zilizobaki nilikuwa nimeziuza.

Kawangware: samaki wangu wa kwanza

Mnajua kwamba tangu mifuko ya plastiki ipigwe marufuku karatasi imekuwa na wenyewe. Kila Ijumaa mimi humuuzia Mama Brayo, anayekaanga samaki ng'ambo ya barabara, rundo la karatasi zilizoharibika dukani: barua za kuomba kazi zilizokosewa, matangazo ya vyumba vya kupanga, mialiko ya harusi iliyotoka bila jina la bibi harusi. Ijumaa hiyo nilikuwa nimekasirishwa na mteja aliyetaka picha yake ya pasipoti nimpunguzie mashavu. Alipoondoka niliisukuma meza yote kwa mkono mmoja ndani ya gunia. Nikikasirika huwa sichagui. Mke wangu ameniambia hivyo kwa miaka kumi na minne, na sasa nimemwamini.

Jumamosi saa tatu na nusu asubuhi nilimkuta fundi wa simu, jirani yangu, amekaa kwenye ngazi zangu akila. Nikamgombeza kwa ajili ya mafuta kwenye ngazi. Kisha nikaona karatasi aliyoshika. Kalamu ya bluu. Juu pembeni, kwa wekundu, 52.

Nikamnyang'anya, nikavuka barabara bila kuangalia kulia wala kushoto.

"Mama Brayo, zile karatasi za jana!"

"Hata salamu hakuna?"

"Sasa. Zile karatasi ziko wapi?"

"Poa sana, Mwas, na wewe?" Alikuwa anageuza samaki bila haraka. "Ziko na kazi."

Nikamweleza. Akasikiliza vizuri, akasikitika vizuri, akatikisa kichwa. Lakini karatasi za daftari, akasema, ni nzuri kuliko zangu za kompyuta kwa sababu zinanyonya mafuta, na alikuwa na chache tu zilizobaki kwa wateja wa asubuhi. Kwake karatasi haitoki bila samaki.

"Basi nipe samaki."

Mama Brayo akaweka mwiko chini. Akawaita wenzake wawili waje waone.

Mimi ni mtu wa Dagoretti. Nimelelewa kwa githeri na viazi. Nyanya yangu alituambia samaki ni nyoka aliyejifunza kuogelea, na hakuna mtu nyumbani kwetu aliyewahi kumpinga. Nimekaa ng'ambo ya sufuria ya Mama Brayo miaka sita na sijawahi kuonja.

"Leo Mwas anakula samaki!" akatangaza. "Mlete maji, asituangukie hapa."

Alinipa sita, kila mmoja na karatasi yake. Nilitaka niondoke nao nikawatupe mbele ya safari, lakini wale wanawake walikuwa wamesimama mikono kiunoni wakingoja. Nikauma mgongo. Mwiba ukaingia kati ya meno. Nikauma tena, wa pili ukaenda kooni, nikakohoa mpaka machozi. Ndipo macho yangu yakaanguka kwenye karatasi iliyokuwa mkononi, ukurasa wa 55, na mwandiko wa Mzee Odero ukaniambia hivi: "Mgeni wa ziwa hukimbilia mgongo akaumia. Samaki anaanzwa shavuni, chini ya jicho, hapo hakuna mwiba. Kisha unafuata ubavu kwa vidole, polepole, kama mtu anayetafuta ufunguo mfukoni."

Nikaanza shavuni. Nikawamaliza wote sita. Sitasema mengi. Nitasema tu kwamba nyanya yangu, Mungu amrehemu, alitunyima kitu.

Simu ikalia mfukoni. Ilikuwa Mzee Odero. Niliiangalia ikilia mpaka ikachoka, nikairudisha.

Mama Brayo akanieleza jinsi karatasi zilivyosambaa. Yeye hununua samaki alfajiri pamoja na marafiki wawili, Rispa wa Olympic na Mama Akinyi wa Lindi, na wanagawana kila kitu, samaki, mafuta na karatasi. Rundo langu liligawanywa mafungu matatu. Na fungu lake yeye, nusu ilikuwa imeshaondoka asubuhi ile na chakula cha wajenzi wa jengo moja karibu na Ngong Road.

"Kimbia," akaniambia. "Hao watu hukula mapema."

Ngong Road: mtu wa afya

Nilishuka Naivasha Road kwa miguu, mkono mmoja umeshika mfuko wa karatasi zenye mafuta, mwingine umeshika tumbo. Pale kwenye jengo kulikuwa na ghorofa tatu za zege na wanaume kama ishirini wamekaa kivulini wanakula. Nilifurahi mno kuwaona. Nikasimama mbele yao, nikauliza kwa sauti ya mtu aliyekimbia:

"Nani hapa amekula samaki wa Mama Brayo?"

Mikono yote ikaenda nyuma ya migongo.

"Hakuna samaki hapa," akasema mmoja, mafuta yanamtiririka kidevuni.

"Mimi nataka karatasi tu. Karatasi alizofungiwa."

Hapo niliharibu zaidi. Msimamizi wao, mwanamume mfupi mwenye kofia ya manjano, akanisogelea, akaangalia jaketi langu la kahawia, akaangalia mfuko wangu, akaangalia viatu. Akaniuliza kwa heshima nyingi kama kuna mtu ameumwa na tumbo. Nikasema mimi, kidogo. Akageukia watu wake akasema, "Si niliwaambia? Ni mtu wa afya, wa kukagua vyakula. Anaokota ushahidi."

Nikaapa kwamba mimi si mtu wa afya. Wakasema ndivyo watu wa afya husema. Nikatoa ukurasa wa 55 niwaonyeshe mwandiko. Wakasema hiyo ni fomu. Mmoja aliyekuwa mjanja kuliko wenzake akaanza kutafuna karatasi yake, nami nikapiga kelele, "Usimeze! Hapo ndipo anaeleza dhoruba!"

Msimamizi akainua mkono. "Kama wewe si mtu wa afya," akasema, "keti ule na sisi."

Walikuwa na mgongo wazi, yaani ule mfupa mkubwa wa mbuta, samaki wa ziwani, uliobaki baada ya minofu kuondolewa kwenda kuuzwa kwa wenye hoteli zao. Wakanipa kipande chenye kichwa. Wote wakanitazama. Nikaanza shavuni.

"Aah!" akasema mzee mmoja wa kubeba mchanga. "Huyu si mtu wa afya. Huyu ni mtu wa ziwa."

Tangu hapo nilikuwa ndugu yao. Waliniletea karatasi zote, hata ile iliyotafunwa pembe, na wakanichelewesha saa moja na nusu kwa sababu ya ukurasa wa 60, ambapo Mzee Odero anasema kwamba ndege weupe wakikaa chini mchangani wakageuza midomo upande mmoja, upepo unatoka upande huo. Mmoja alisema ndivyo pia kwao Kakamega. Mwingine akasema Kakamega hakuna ziwa, ndege wa huko wanageukia mahindi. Walipofika mahali pa kushikana mashati msimamizi akawafukuza warudi kazini, nami nikaondoka. Simu ililia mara mbili zaidi. Mzee Odero. Sikuthubutu.

Olympic: wizi wa miaka thelathini

Rispa wa Olympic nilimkuta anafunga. Samaki wameisha, karatasi zimeisha. Alikuwa mtu wa haraka, anaongea huku akikunja mwavuli.

"Za daftari zote, kumi na kitu, nilimpa mwalimu. Yule wa tuisheni pale nyuma. Alinunulia watoto."

"Watoto wameshakula?"

"Kaka, ni watoto."

Mwalimu wa hesabu alikuwa kwenye chumba cha mabati na wanafunzi kama kumi na tano, na ubaoni alikuwa ameandika swali refu. Nikalisoma kupitia dirishani. Lilikuwa la Mzee Odero. Ukurasa wa 64, jinsi samaki wanavyogawanywa wakifika ufuoni.

Nilibisha hodi, nikaeleza shida yangu kwa unyonge. Mwalimu hakutaka kusikia.

"Hii karatasi siirudishi leo. Ni mtihani."

"Mwalimu, ni kitabu cha mtu."

"Huyo mtu unamjua?"

"Namjua."

"Mwambie ameibiwa." Akapiga ubao kwa chaki. "Angalia hapa. Fungu la kwanza la boti. Fungu la pili la nyavu. Linalobaki wanagawana wavuvi wanne na mwenye boti, ati kwa sababu mwenye boti naye ni mtu. Sasa boti ni la nani?"

"La mwenye boti!" watoto wakajibu.

"Na nyavu?"

"Za mwenye boti!"

"Kwa hiyo mwenye boti ameingia mara ngapi?"

"Tatu!"

"Tatu! Na kila siku! Miaka thelathini!" Alikuwa na hasira ya kweli, utadhani ni samaki wake. Pembeni mwa maandishi ya mzee alikuwa amesahihisha kwa kalamu nyekundu na kuandika: *Rudia.*

Nilimaliza karibu saa mbili pale. Ilibidi ningoje mtihani uishe, na kwa kuwa nilikuwa mtu mzima nimekaa nyuma bila kazi, mwalimu akanipa karatasi nami nifanye. Nilipata nusu. Msichana wa kando yangu alipata zote na akanitazama kwa huruma ambayo bado inaniuma. Mwishowe mwalimu akanirudishia karatasi zote kwa sharti moja, kwamba jina lake liandikwe mwisho wa kitabu kati ya watu walioshukuriwa. Nikakubali. Saa hiyo ningekubali hata kuoa.

Nilipotoka nilihesabu simu ambazo sikushika. Zilikuwa saba. Nikamwona mzee akilini, amevaa ile suti yake ya kusafiria, anakuja dukani kwangu na kukuta mlango umefungwa. Nilijisikia vibaya sana. Ni mtu ambaye hajawahi kuniinulia sauti, na kila akija huniletea ndizi mbili.

Kuvuka reli

Kutoka Olympic nilishuka hadi reli, nikavuka, na hapo tumbo ambalo halikuwahi kupokea samaki kwa miaka arobaini na moja, likawa limepokea saba kwa siku moja, likanipa taarifa. Ninawaambia kwa sababu mliuliza.

Kulikuwa na choo cha kulipia hatua chache tu. Mlangoni alikaa mwangalizi wake, mzee mwenye miwani iliyofungwa kwa uzi, anasoma. Nikamsalimu haraka.

"Ngoja," akasema.

"Mzee, ni haraka."

"Ngoja. Hapa boti linaingia maji."

Nilitazama alichoshika. Kalamu ya bluu. Ukurasa wa 67. Alikuwa amenunua samaki Lindi saa tatu asubuhi. Sijawahi katika maisha yangu kuvutwa pande mbili hivyo. Nilitaka ile karatasi na nilitaka ule mlango, na mzee yule alisoma kwa kidole, neno kwa neno, akirudia alipopenda. Nilisimama mguu mmoja, nikabadilisha. Boti la Mzee Odero liliingia maji, wakayachota kwa sufuria, wakaimba ili mikono isichoke, likaokoka. Mwangalizi akavua miwani.

"Ingia sasa," akaniambia. "Ungeingia mapema ungekosa."

Karatasi alinipa nilipotoka. Aliniomba nimwambie mwenye kuandika kwamba kwao ziwani walikuwa wakiimba wimbo mwingine, lakini maji ni yale yale.

Lindi: ukurasa wa sabini na moja

Sasa fikirieni hali yangu. Kila hatua niliyopiga kufuata karatasi ilinipeleka karibu zaidi na chumba cha mtu niliyekuwa nikimkwepa. Nilipita Lindi nimeinamisha kichwa, naulizia kwa Mama Akinyi kwa sauti ya chini, na kila niliyemuuliza alijibu kwa sauti ya juu.

Niliona watu kabla sijaona samaki. Kama thelathini, wengine wamekaa kwenye madebe, wengine wamesimama na vipande vya samaki mkononi, na katikati kijana wa bodaboda, kofia ya pikipiki imelala magotini, anasoma kwa sauti. Mama Akinyi, mwanamke mpana wa miaka hamsini hivi, alikuwa anakaanga huku akipanga karatasi kwa nambari zake nyekundu. Aliyenunua alipewa samaki mkononi. Karatasi ilibaki kwa msomaji.

"Nani ana sitini na saba?" kijana akauliza.

Mimi ndiye niliyekuwa nayo. Nikajificha nyuma ya bati.

Kisha nikaona mgongo. Suti ya kusafiria. Mzee Odero alikuwa amekaa kwenye dumu mbele kabisa, sahani ya ugali magotini, anasikiliza kitabu chake kikisomwa. Alitoa simu mfukoni, akabonyeza taratibu kwa kidole kimoja, na nyuma ya bati mfuko wangu ukaanza kuimba.

Watu thelathini wakageuka.

"Mwas," akasema mzee bila hasira. "Hii ni mara ya kumi na moja nakupigia."

"Mzee, simu ilikuwa na shida..."

"Shida gani? Tunaisikia."

Nikatoka. Nikafungua mdomo niombe msamaha na badala yake nikaweka ule mfuko miguuni pake. Nikamwambia ukweli wote, gunia, Mama Brayo, na zile daftari mbili ambazo sikuwa nimezigusa nilipomwambia niko mwishomwisho. Mbele ya watu wote.

"Nilinunua samaki hapa saa nne," akasema mzee, "nikajikuta nasoma maneno yangu. Nikakupigia nikuambie usihangaike, ziko hapa. Ukakataa kushika. Nikasema, huyu kijana anaogopa, acha atembee kidogo." Akaangalia jaketi langu. "Umekula ngapi?"

"Saba."

"Ulianzia wapi?"

"Shavuni."

Akacheka mpaka ugali ukamponyoka. Siku nzima nilikuwa nimekimbia mtu ambaye alikuwa akinitafuta anipumzishe. Mnaweza kucheka hapa. Hata mimi nilicheka, na machozi yalinitoka kidogo.

Tukapanga karatasi juu ya benchi, zangu na za Mama Akinyi. Watu wakasaidia. Kijana wa bodaboda akaendelea pale alipoachia, sitini na saba hadi sabini. Alisoma: "Upepo ukageuka. Ouma, rafiki yangu tuliyevua naye tangu ujana, akasimama afungue kamba ya tanga. Nikamwambia kaa. Akacheka, na..."

"Na nini?"

"Imeisha hapo. Sabini na moja iko wapi?"

Tulitafuta. Tukapekua mfuko, chini ya benchi, ndani ya makaa. Ilikuwa sabini, kisha sabini na tatu. Karatasi moja, pande zake mbili, ilikuwa imekwenda na samaki wa mtu na haitarudi. Nilimgeukia mzee. Nilitegemea atakasirika sasa. Uso wake ulikuwa wa mtu aliyepunguziwa mzigo, na nilishindwa kuelewa.

"Acha iende," akasema.

"Mzee, huwezi tuacha hapo!" kijana akalalamika. "Huyo Ouma alipona?"

"Hakupona."

"Basi tuambie vile uliandika. Mwas ataandika tena."

Mzee Odero aliosha mikono polepole.

"Hiyo karatasi ilikuwa inadanganya," akasema. "Nyinyi hamjui desturi ya kwetu. Mtu akizama, hakuna boti inatoka kuvua mpaka apatikane. Hata ikiwa wiki. Nyavu zinaanikwa, watu wote wanatafuta. Ukivua saa hiyo, ni kama unavua na yeye ndani ya maji. Mimi niliandika ati bichi yote, ufuo mzima, ilisimama siku tano mpaka tukampata Ouma. Bichi ilisimama. Mimi sikusimama."

Mafuta yalikuwa yanachemka na hakuna aliyeyaangalia.

"Nilikuwa na watoto watano. Siku ya tatu unga iliisha. Nikasema naenda kumtafuta upande wa mawe, peke yangu. Chini ya boti nilikuwa na ndoana. Nikatoa mbuta mbili. Siku ya nne nikaenda tena. Nilikuwa nauza nyuma ya matete kwa mama mmoja, hakuniuliza kitu. Siku ya tano wenzangu wakampata rafiki yangu, na mimi sikuwa hapo. Nilikuwa na samaki." Akafuta mikono kwenye suti ile nzuri. "Kesho naenda kusomea hao watu hiyo kitabu. Na nikifika sabini na moja ningesoma ule uongo mbele yao."

Niliona haya kwa ajili yake, na kwa ajili yangu, kwa sababu mimi nilidhani shida ya siku hiyo ni yangu.

Mama Akinyi akageuza samaki mmoja, akamgeuza mwingine.

"Huyo mama wa matete si umtaje tu," akasema. "Ni mamangu."

"Sikutaka kumtia aibu. Alishakufa."

"Aibu gani? Mzee, watu wa bichi nzima wako kwa maji siku tano, hakuna boti inavua. Wewe ulidhani walikuwa wanakula nini?"

Mzee Odero akainua uso.

"Mamangu alikuwa anapikia hapo kwa boma ya kina Ouma. Sufuria moja kubwa. Kila mtu alijua hiyo samaki imetoka wapi na ni nani ameleta. Hata wazee. Mimi nilikuwa mdogo, ndiye nilitumwa na sahani ya mama ya Ouma. Siku mbili alikuwa amekataa chakula. Hiyo alikula."

"Miaka hii yote," mzee akasema, sauti yake imepungua. "Na hakuna mtu aliniambia."

"Tungekuambia siku ya tatu," Mama Akinyi akauliza, "siku ya nne ungeenda?"

Kijana wa bodaboda alikuwa ameshika ukurasa wa sabini kwa mikono miwili. Mzee aliangalia chini, akafuta macho kwa mkono wa suti, na Mama Akinyi akaendelea na samaki wake ili asimtazame. Kisha mzee akatoa kalamu ya bluu kutoka mfuko wa ndani, akanipa.

"Andika, Mwas."

"Nianzie wapi, Mzee? Pale Ouma anacheka?"

"Hapana," akasema. "Anza na mama yake. Andika alikula."